Sekunde 40 za arosto: uchambuzi wa kisa cha mpiga picha wa dokumentari

Kisa hiki kinahusu mpiga picha mmoja wa filamu, kijana mmoja aliyekuwa akitumia heroini, na kipande cha video cha sekunde 40 kinachomwonyesha akiwa na arosto, yaani mateso ya mwili unaponyimwa heroini uliyoizoea. Majina, mitaa, kampuni na miaka ya matukio vimeondolewa, na mambo mengine machache yanayoweza kumfichua mtu yamebadilishwa. Nimekiandika kwa ajili ya wanaotaka kuishi kwa kazi ya dokumentari za masuala ya kijamii, kwa sababu mijadala yetu ya maadili huishia kwenye fomu ya ridhaa: imesainiwa au haijasainiwa. Hapa fomu ilisainiwa, tena mara mbili, na bado mambo yaliharibika.

Usuli

Mpiga picha wetu ni mwanamke wa Dar es Salaam. Kama wengi wa rika lake alianzia kwenye shughuli: harusi, sendofu, kichen pati, mara mojamoja ubarikio. Wenzake wengi wakishapanda ngazi huifuta sehemu hiyo kwenye wasifu wao. Yeye haifuti, na nadhani ana haki, maana harusini hakuna kurudia. Bibi harusi akishavishwa pete imekwisha, na kama kamera ilikuwa ikimwangalia mshereheshaji, kamati itakudai hela zake. Huko ndiko alikojifunza kumtambua mama atakayelia kabla hajalia, na kukusanya picha za pembeni kila wakati, mikono, viatu, glasi, pazia, ili mhariri asikwame.

Kutoka shughulini aliingia kwenye filamu za miradi ya mashirika. Hizo tunazijua: mtu analia dakika ya kwanza, anacheka dakika ya nne, nembo ya mfadhili dakika ya tano. Zinalipa, tena zinalipa kwa wakati, na ndizo zilizomnunulia kamera yake ya kwanza ya maana. Lakini alichoka kumrekodi mtu kwa asubuhi moja na kuondoka na maisha yake yote kwenye memori kadi.

Ndipo ikaja kazi ya dokumentari ndefu. Mwongozaji alikuwa mgeni, kampuni ya nje, na fedha zilikuwa zikitoka kwa mafungu kwenye mifuko ya filamu. Yeye aliajiriwa kama mpiga picha kwa malipo ya siku. Kwa vitendo alikuwa pia mkalimani, fiksa (mpanga mambo ya mtaani), na mtu wa kujua ni nyumba ipi unaanza na shikamoo na ipi unaanza na hodi. Kazi hizo za ziada hazikuandikwa popote. Mkataba, kurasa nyingi za Kiingereza cha kisheria, ulisema picha zote ni mali ya kampuni. Kifungu kimoja kilimruhusu kutumia "sehemu fupi" kwa kujitangaza baada ya filamu kutoka. Alikifurahia kifungu hicho. Kikumbuke.

Mada ilikuwa heroini. Kwa wasomaji wa mbali na pwani: unga unaofika kwetu asili yake ni Afghanistan, unashuka hadi pwani ya Makran, upande wa Iran na Pakistan, kisha unavushwa Bahari ya Hindi kwa majahazi. Mwingi unapita tu kwenda kwingine. Unaobaki ndio uliojaza mateja vijiweni Dar, Zanzibar, Tanga, Mombasa na Malindi. Mwaka 2011 Hospitali ya Taifa Muhimbili ilianza kutoa methadoni, dawa inayotumika badala ya heroini kutibu uraibu, kisha huduma ikafika Mwananyamala na Temeke na baadaye mikoani. Kenya walianzia Mathari mwaka 2014. Methadoni ni dawa ya maji. Kwa kawaida mgonjwa anakunywa mbele ya mhudumu, kila siku, Jumapili na sikukuu zikiwamo, na anaweza kuendelea hivyo miaka. Filamu ilitaka kumfuata mtu mmoja kutoka maskani, yaani kijiwe cha watumiaji, hadi dirisha la dawa, na kuona maisha yanavyokuwa baada ya hapo.

Kuingia maskani

Maskani yenyewe ilikuwa pagale: nguzo, ngazi isiyofika popote, na mbele yake mkweche wa Hiace usio na matairi. Aliyempeleka ni mwelimishaji rika, kijana ambaye naye aliwahi kukaa hapohapo. Mara za mwanzo hakubeba kamera. Alikaa, akanunua maji, akaulizwa kama ni polisi, kisha kama ni mlokole. Wakamwita Sista Kamera kabla hawajaiona kamera yenyewe.

Hapo alifanya maamuzi matatu.

La kwanza lilikuwa lenzi. Alifunga ya milimita 35 akaacha ile ndefu nyumbani. Kwa lenzi ndefu unaweza kumpiga mtu ukiwa ng'ambo ya barabara, na hatajua. Kwa 35 lazima uwe karibu naye kiasi cha kusikia pumzi yake, na akikuchoka anakusukuma kwa mkono. Alitaka watu wawe na uwezo huo wa kumsukuma.

La pili, gari. Walikubaliana kwamba aliyekaa nyuma ya Hiace hapigwi, hata kama anacheka na kumwita. Hakuna aliyehitaji kueleza sababu. Wengine walihama upande kila siku kutegemea walivyoamka, na siku moja mhusika mkuu mwenyewe, yule kijana ambaye filamu ilimfuata, alikaa nyuma ya Hiace tangu asubuhi hadi jua kuzama. Mwongozaji alilalamika kwamba siku imepotea. Malipo ya siku hiyo, kwa bahati, yalilipwa.

La tatu, pusha, yaani muuza unga. Akionekana anakuja, kamera inaingia begini. Hilo lilikuwa suala la usalama, lakini pia la sheria. Chini ya Sheria ya Kudhibiti na Kupambana na Dawa za Kulevya ya 2015, kutumia tu ni kosa, achilia mbali kuuza. Picha zake zingeweza kugeuka ushahidi dhidi ya watu waliomkaribisha.

Fomu ya ridhaa ilisainiwa kwanza pale maskani, asubuhi, na mwongozaji alikuwa na haraka ya kuituma kwa wafadhili. Mhusika alikuwa bado hajapata kete, kifurushi chake cha unga. Alikuwa anajikuna, anaangalia barabarani, akasaini bila hata kuishika karatasi vizuri. Mpiga picha alimwambia mwongozaji jioni ile kwamba saini hiyo haina thamani: mtu mwenye arosto anasaini chochote ili umwachie njia. Wakakubaliana irudiwe. Ilirudiwa wiki kadhaa baada ya mhusika kuzoea dozi yake ya methadoni, kwenye benchi nje ya kliniki, mwelimishaji rika akisoma kila mstari kwa Kiswahili na kusimama kwenye kila swali. Mhusika aliuliza maswali mawili: itaonyeshwa wapi, na mama yake ataiona? Akajibiwa, akasaini.

Walivutana pia kuhusu sindano. Mwongozaji alitaka klozapu ya bomba likiingia kwenye mshipa. Mpiga picha aliishia kwenye vidole vinavyofungua kete. Hoja yake ilikuwa kwamba mtu anayejitahidi kuacha akiiona sindano skrinini mwili wake unaamka, na watu wa aina hiyo ndio angetaka waiangalie filamu hadi mwisho. Hoja ilikubaliwa kwa shingo upande.

Chumba cha mama

Kabla ya kuandikishwa kliniki mhusika aliamua kuacha kavukavu, bila dawa, nyumbani kwa mama yake, mlango umefungwa kwa nje kwa ombi lake mwenyewe. Alimpigia simu mpiga picha: "Dada, njoo urekodi, nikishindwa nijione." Hilo ni muhimu. Aliitwa.

Arosto ya heroini huwa kali zaidi siku ya pili na ya tatu, naye alifika siku ya pili. Chumba kidogo, godoro chini, beseni, feni isiyozunguka. Alikaa sakafuni, mgongo kwenye mlango. Mwanga wa dirisha ulimwangukia mhusika ubavuni, na akampiga uso ukiwa umejaa fremu nzima: kamasi, jasho, miayo isiyokatika, vinyweleo vimesimama kwenye shingo wakati nje kuna joto la Januari. "Mama, nifungulie." Na sauti ya mama kutoka nyuma ya kamera: "Vumilia baba. Vumilia." Kama umewahi kusikia mama wa pwani akimwita mwanawe baba katika hali kama hiyo, unajua kwa nini kila aliyeona picha hizo alinyamaza.

Kisha akafanya kitu ambacho wakati ule hakukiona kama uamuzi. Aligeuza kamera. Akapiga mikono ya mama ikikamua kitambaa, komeo la mlango, nyayo za mhusika zikisugua ukuta. Akatoka nje, akaufunga mlango, na kuuelekezea kamera kwa muda mrefu huku sauti za ndani zikiendelea kuingia kwenye maiki. Mwongozaji alipoziona picha hizo za mlango alisema ni uvivu. Zilikuwa tabia ya harusini, kukusanya vya pembeni. Tutazirudia.

Nauli

Mhusika akaandikishwa, akaanza dozi. Kliniki ilikuwa mabasi mawili kutoka kwao, kwenda na kurudi, kila siku ya Mungu, kwa mtu asiye na kazi. Kampuni ilikuwa na kanuni: wahusika hawalipwi. Kanuni hiyo ina sababu yake, maana malipo yanaweza kumfanya mtu aigize. Mpiga picha aliizunguka kwa kutoa nauli mfukoni mwake siku za kupiga picha. Alisema hilo si malipo, ni nauli.

Fungu la fedha likakwama, na kazi ikasimama kwa miezi. Nauli nayo ikasimama. Mhusika akaanza kuruka dozi, kwanza moja, kisha mfululizo. Kliniki humpima upya mgonjwa aliyekosa siku kadhaa na kumpunguzia dozi, maana mwili unakuwa umepoteza uzoefu na dozi ya zamani inaweza kumdhuru. Dozi ndogo haikumshika, akarudi pagaleni.

Hapa nataka tuwe waangalifu. Ni rahisi kusema alirudi kwa sababu nauli ilikatika. Watu hurudi kwenye unga kwa sababu nyingi, na yeye mwenyewe anataja msiba wa rafiki yake. Lakini nauli ilikuwa imemfundisha kwamba siku ya dawa ni siku ya kamera, na hilo lilikuwa kosa la timu. Kazi iliporudi, mpiga picha alikataa kuanza hadi mpango ubadilike. Mwongozaji, kwa sifa yake, alikubali haraka. Kampuni iliweka kiasi cha nauli kwenye shirika la waelimishaji rika, kwa ajili ya wagonjwa kadhaa wa mtaa ule, warekodiwe au wasirekodiwe, kamera iwepo au isiwepo. Mhusika alikuwa mmoja wao. Katika filamu jambo hili halionekani kabisa. Mimi ningeliweka.

Kuonyeshwa

Mkato wa mwisho ulipokaribia, mpiga picha alisisitiza mhusika auone kabla picha haijafungwa, yaani kabla uhariri haujawa wa mwisho. Si kawaida kwa mtu wa kamera kuingilia hatua hiyo, kazi yake huwa imekwisha na siku zake zimeshalipwa. Aliingilia kwa sababu yeye ndiye aliyebaki mjini. Waliangalia kwa kompyuta ndogo nyumbani kwa mama, mama akiwa pembeni anachambua mchele na kusema haangalii.

Mhusika alikubali karibu kila kitu, pamoja na tukio la chumbani. Alisema, "Hapo ndipo watu wataelewa." Alikataa sentensi moja tu, pale anaposimulia alivyouza mtungi wa gesi wa dada yake. Dada huyo alikuwa hajawahi kujua nani aliuchukua. Ikatolewa. Filamu ikaenda kwenye matamasha kadhaa ya nje, ikapokelewa vizuri, ikauzwa kwa kituo kimoja cha televisheni.

Trela, kile kionjo kifupi cha kuitangaza filamu, hakuonyeshwa. Hakuna aliyefikiria.

Klipu

Baada ya muda wa kutosha mhusika alikuwa mtu mwingine. Fundi wa madirisha ya aluminiamu, mtulivu, dozi yake imepungua sana. Barua ya posa ilikuwa imeshapelekwa na mshenga, majibu yalikuwa mazuri, na pande mbili zilikuwa zimefika kwenye kuzungumza mahari. Ndipo kwenye kundi la WhatsApp la ukoo wa binti ikadondoka video: sekunde 40, uso wake, kamasi, "Mama, nifungulie", na maandishi ya kejeli yaliyoongezwa juu. Shangazi wa binti akataka maelezo. Mazungumzo ya mahari yakasimama.

Alimpigia mpiga picha. Hakupiga kelele. "Dada, ile picha itoeni."

Mpiga picha alifikiri imekatwa kwenye trela. Aliifungua klipu kutazama, na kwenye kona ya chini, kwa herufi ndogo nyeupe, kulikuwa na jina lake. Haikutoka kwenye trela. Ilitoka kwenye rili yake, video fupi ya kujitangaza aliyoipandisha mtandaoni kwa mujibu wa kile kifungu alichokifurahia. Tukio la chumbani lilikuwa limewekwa zima, bila kichwa wala mkia, bila kliniki, bila dirisha la dawa, kwa sababu lilikuwa picha nzuri kuliko zote alizowahi kupiga. Na lilikuwa limempa kazi: waajiri wawili walimtajia tukio hilo walipompigia.

Maamuzi na sababu zake

Rili aliishusha usiku uleule. Hilo halikuhitaji ruhusa ya mtu.

Kuhusu filamu alikuwa na njia kadhaa. Angeweza kudai iondolewe yote. Hakuwa na haki hiyo kimkataba, na mhusika mwenyewe hakutaka. Angeweza kushauri uso ufunikwe kwa ukungu; alikataa, na nakubaliana naye. Televisheni zetu zimetuzoesha kwamba uso wenye ukungu ni uso wa mhalifu, na kumfunika sasa kungekuwa kumpa shangazi wa binti haki. Angeweza kusema kwamba fomu ilisainiwa na kunyamaza. Kampuni ndiyo ilianza na jibu hilo.

Aliandika kwa mwongozaji akiomba mambo mawili: trela mpya isiyo na tukio hilo, na toleo la televisheni lenye tukio lililohaririwa upya bila uso. Toleo la matamasha libaki lilivyo, kwa kuwa mhusika alilikubali akiwa na akili zake na watazamaji wake hukaa hadi mwisho. Hoja yake haikuwa ya kisheria. Alisema mhusika aliridhia filamu ya dakika 80, si sekunde 40.

Kwa familia alikwenda mwenyewe. Hakwenda peke yake: alimwomba mzee mmoja wa mtaa ambaye mama anamheshimu amsindikize, kwa sababu neno la radhi la namna hiyo haliletwi kwa simu wala na mtu mdogo akiwa pekee. Alimwambia mama kwamba picha imetoka kwake, si kwa wazungu. Mama alikuwa ameshazoea kuwalaumu wazungu, na ingekuwa rahisi kumwacha aendelee.

Matokeo

Trela ilibadilishwa baada ya majibizano marefu ya barua pepe. Toleo la televisheni nalo lilibadilishwa, na hapo ndipo picha za mlango, komeo, nyayo na mikono ya mama zilipookoa kazi. Kama angekuwa amepiga uso tu, mhariri angebaki na shimo katikati ya filamu, na kampuni ingekuwa na sababu ya haki ya kukataa. Tukio jipya ni mlango uliofungwa na sauti. Wapo wanaosema ni zuri zaidi. Mimi nimeyaona yote mawili na sikubaliani: la kwanza lilikuwa na nguvu kubwa zaidi. Nguvu hiyo ndiyo iliyolifanya lifae kukatwa na kusambazwa.

Posa iliendelea hatimaye, kwa kazi ya mshenga na mjomba wa mhusika, waliokwenda na karatasi za kliniki na mwajiri wake. Filamu haikuchangia chochote hapo. Klipu bado ipo kwenye simu za watu.

Mpiga picha alilipa gharama ya aina nyingine. Kampuni ile haikumwita kwenye mradi uliofuata, hakuambiwa sababu. Rili yake sasa haina picha yake bora, na katika kazi moja aliyoiomba aliambiwa kazi zake ni safi lakini zinakosa ukaribu.

Uchambuzi

Tuanze na yaliyofaa, maana yapo. Kurudia ridhaa baada ya mhusika kutulia kidawa ni jambo ambalo timu nyingi hazifanyi, na ndilo lililompa mhusika sauti baadaye: aliweza kusema kwa uhakika alikubali nini na hakukubali nini. Kuonyeshwa mkato kabla ya kufungwa kuliilinda familia kwenye suala la mtungi wa gesi. Mpango wa nauli, ingawa ulichelewa, ulitenganisha tiba na kamera. Na utaratibu wa Hiace ni wa bei nafuu, unaeleweka na mtu asiyesoma, na humwezesha mtu kubadili mawazo kila siku bila aibu. Kila nikifundisha naupendekeza.

Kilichoshindwa ni kufikiri kwamba filamu ni kitu kimoja. Ridhaa yote ilijengwa juu ya filamu ndefu, wakati kazi hii inazaa vitu vingi vidogo: trela, picha za mabango, vipande vya maombi ya fedha, na rili za kila aliyeshiriki, kuanzia mpiga picha hadi mtu wa sauti. Hivyo vidogo ndivyo vinavyosafiri. Mtu wa mtaani hawezi kuiona filamu yako ya dakika 80 iliyokwenda kwenye tamasha Ulaya, lakini klipu ya sekunde 40 itamfikia bila kuitafuta. Kwa hiyo swali la mhusika pale kwenye benchi, itaonyeshwa wapi, lilijibiwa kwa ukweli na bado likajibiwa vibaya.

Kosa la pili linahusu namna kazi hii inavyolipa. Mpiga picha wa malipo ya siku hamiliki filamu, hapati mgawo wa mauzo, na jina lake linapita kwa sekunde mbili mwishoni. Mtaji wake pekee ni rili. Ndiyo maana anaweka ndani yake picha kali kuliko zote, na katika dokumentari za masuala ya kijamii picha kali kuliko zote ni, mara nyingi mno, mtu akiwa katika siku mbaya kuliko zote za maisha yake. Sidhani tatizo hili linatatuliwa kwa kumwambia mpiga picha awe mwema. Linahitaji waajiri waache kuajiri kwa kutazama machozi, waombe kuona tukio zima la dakika nne badala ya mchanganyiko wa vipande. Katika tukio zima unamwona mpiga picha anavyosubiri, anavyosogea, anapogeuza kamera. Huko kwenye kugeuza ndiko kuna kipaji cha mtu huyu, na rili yake haikukionyesha hata kidogo.

Kuhusu sheria: kisa hiki kilitangulia Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022, iliyoanza kutumika Mei 2023 na inayozihesabu taarifa za afya kuwa nyeti. Mtu aliyerekodiwa leo ana mlango wa kubisha ambao mhusika huyu hakuwa nao. Lakini klipu iliyokwisha kuingia kwenye makundi ya WhatsApp hairudishwi na sheria yoyote, na anayetegemea sheria kurekebisha baadaye alichokipiga ovyo atachelewa.

Kuna wanaosoma kisa hiki na kuhitimisha kwamba nyuso za mateja zisipigwe kabisa. Naelewa wanapotoka. Ila nimewaona watazamaji wakitoka kwenye filamu ile wakimzungumzia mhusika kwa jina lake, wakiuliza anaendeleaje, na hilo lilitokea kwa sababu walikuwa wameuona uso wake ukicheka, ukidanganya, ukiwa na usingizi, ukisubiri basi. Mlango peke yake usingewafikisha huko. Ninachoshauri ni kazi mbili: piga uso ukiruhusiwa, na palepale, siku hiyohiyo, piga tukio lote mara ya pili kana kwamba uso haupo. Itakuongezea dakika 20 na memori kadi moja. Mwongozaji akisema ni uvivu, mwache aseme.

Mikataba anayosaini mpiga picha wetu siku hizi ina vifungu vitatu alivyoviandika kwa msaada wa wakili: mhusika ataonyeshwa trela na si filamu tu, hakuna mwanatimu, yeye akiwamo, atakayeweka mtandaoni tukio la maradhi au maumivu nje ya filamu yenyewe, na nauli ya mhusika ya kwenda kwenye tiba haitategemea ratiba ya kamera. Kampuni moja ilikataa cha pili. Mbili zimekubali vyote.

Kilichobaki bila majibu ni picha ghafi. Zote, pamoja na zile za chumbani kwa mama, zimo kwenye diski za kampuni nje ya nchi. Mkataba wa zamani unasema nani anazimiliki. Hausemi zitafutwa lini wala kwa ombi la nani. Ameuliza. Ameambiwa suala lipo kwa wanasheria, na mhusika alipoelezwa hivyo aliuliza kama wanasheria hao nao wanalipwa kwa siku.